Menologio ya Basili II: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Picha za kitabu hiki zimezagaa. Ukitumiwa kwenye simu salamu za sikukuu ya Mtakatifu Katarina au Mtakatifu Inyasi, na nyuma ya mtakatifu kuna dhahabu tupu mahali pa anga, vilima viwili vya rangi, na pembeni askari aliyenyanyua upanga, huenda picha hiyo ilikatwa humu. Husambazwa bila jina la kitabu, bila tarehe, na mara nyingine kwa jina la mtakatifu mwingine kabisa. Ndiyo maana maswali ni mengi. Haya hapa ndiyo yanayojirudia zaidi.

Hiki ni kitabu gani hasa?

Ni kitabu cha Kigiriki kilichoandikwa kwa mkono juu ya ngozi, mjini Konstantinopoli (Istanbul ya leo), karibu na mwaka 1000, kwa ajili ya Kaisari Basili II wa Bizanti, yaani Dola ya Kirumi ya Mashariki. Kina picha 430, na picha huambatana na maelezo mafupi ya mtakatifu au tukio linaloadhimishwa siku fulani ya mwaka. Kimo chake ni kama sentimita 36 na upana wake 28, kwa hiyo si kitabu cha kusomea kitandani. Leo kimehifadhiwa katika Maktaba ya Kitume ya Vatikano kwa namba Vat. gr. 1613.

Wataalamu wakali watakuambia kwamba hii si menologio bali ni sinaksari, kwa kuwa menologio hubeba habari ndefu za watakatifu na sinaksari hutoa aya moja tu kwa kila mmoja. Wana haki, lakini jina limeshaganda, na hata wao hulitumia.

Basili II alikuwa nani, na mtu wa vita alitaka kitabu cha watakatifu cha nini?

Alizaliwa mwaka 958, akatawala kuanzia 976 hadi kifo chake mwaka 1025. Hakuoa, hakuacha mtoto, na sehemu kubwa ya maisha yake aliipitisha kambini na wanajeshi. Mwanahistoria Mikaeli Psellos, aliyeandika katika karne hiyohiyo ya 11, anamchora kama mtu mkavu, asiyejali mavazi ya fahari na asiyekuwa na muda na wasomi. Mwaka 1014, baada ya kuwashinda Wabulgari kwenye njia ya Kleidion, aliwatoboa macho maelfu ya mateka, na kufikia mwaka 1018 nchi yao yote ilikuwa mikononi mwake. Vizazi vya baadaye vilimpa jina la “Mwua-Wabulgari”.

Sasa mtu wa namna hiyo na kitabu chenye dhahabu kila ukurasa vinakutana wapi? Jibu limo mwanzoni mwa kitabu chenyewe, katika shairi la kumtukuza kaisari. Shairi linasema ameagiza wachorwe Kristo, Mama wa Mungu, manabii, mitume, mashahidi na wenye haki wengine, kwa tumaini kwamba wote aliowachoresha watakuwa wasaidizi wake vitani, waponyaji wake katika ugonjwa, na waombezi wake siku ya hukumu.

Kwa maoni yangu, shairi hilo ndilo ufunguo wa kitabu kizima. Wengi hukikaribia kama albamu ya sanaa au kama mkusanyo wa visa vya kusisimua. Aliyekiagiza alikuwa anaandikisha jeshi. Kila ukurasa ni msaidizi mmoja zaidi aliyeitwa kwa jina na kupangiwa siku yake. Hata adui wa Basili wamo: tarehe 22 Januari kuna picha ya Wabulgari wakiwachinja mateka Wakristo wa Bizanti, kisa cha mwanzoni mwa karne ya 9. Sidhani kaisari aliupita ukurasa ule bila kuutazama.

Nikikifungua, nitaona nini?

Nusu ya ukurasa ni picha ndani ya fremu, nusu ni maandishi. Maandishi yana mistari 16, iwe ni habari za mtume mkubwa au za shahidi asiyejulikana nje ya kijiji chake. Mpangilio haubadiliki: mtakatifu mmoja, ukurasa mmoja, nafasi ileile. Usawa huo ndio unaowashangaza watu wanaotoka kwenye vitabu vya Ulaya Magharibi vya zama hizo, ambamo herufi ya kwanza inaweza kumeza ukurasa na majani ya mapambo hutambaa pembeni mpaka chini. Hapa hakuna majani wala wanyama wa pembeni. Kuna kazi ya kufanya, siku baada ya siku.

Kwa nini kinaanza mwezi Septemba?

Kwa Wabizanti tarehe 1 Septemba ndiyo iliyokuwa mwanzo wa mwaka, wa serikali na wa Kanisa pia, na Waorthodoksi hadi leo huanza mwaka wao wa kiliturujia siku hiyo. Ndiyo maana picha ya kwanza haina mtakatifu wa kawaida: ni Kristo katika sinagogi la Nazareti akisoma chuo cha nabii Isaya, mahali palipoandikwa “kutangaza mwaka wa Bwana uliokubaliwa”. Mwaka mpya unafunguliwa na mwaka wa Bwana. Ukifunua ukurasa wa pili unamkuta Simeoni wa Nguzo, mmonaki wa Siria aliyekaa juu ya nguzo kwa zaidi ya miaka 30 na kufariki mwaka 459.

Na miezi ya Machi hadi Agosti iko wapi?

Haimo. Kitabu kinaishia Februari, na juzuu ya nusu ya pili haijapatikana popote. Hili lina matokeo ambayo watu husahau: msimtafute humu Jorji katika siku yake ya 23 Aprili, wala Maria wa Misri wa 1 Aprili, wala Musa Mwethiopia wa 28 Agosti. Ukiona picha ya mtakatifu wa Mei imeandikwa “kutoka Menologio ya Basili II”, shuku.

Wanasema kinaonyesha maisha ya watakatifu, mbona naona vifo tu?

Swali zuri, na jibu lake ni la kalenda. Siku ya sikukuu ya mtakatifu kwa kawaida ni siku aliyofariki, kwa sababu Wakristo wa kale waliihesabu siku hiyo kuwa ndiyo ya kuzaliwa kwake mbinguni. Kitabu kinachofuata sikukuu lazima kijae vifo. Na kwa vile watakatifu wengi wa karne za kwanza waliuawa kwa ajili ya imani, vifo vyenyewe ni vya upanga, moto, maji na meno ya wanyama. Mtakatifu Inyasi wa Antiokia, aliyeuawa Roma mwanzoni mwa karne ya 2, amesimama kati ya simba wawili wanaomrarua. Wengine wamepiga magoti shingo mbele.

Lakini tazama jinsi vifo hivyo vilivyochorwa. Askari mwenye upanga ndiye mwenye vurugu yote: mguu mmoja mbele, mkono umepita nyuma ya kichwa, vazi linapepea. Mtakatifu ametulia. Mchoraji ametumia misuli yote kwa muuaji na utulivu wote kwa anayeuawa, na nyuma yao dhahabu haina wingu wala kivuli. Ukizitazama kumi mfululizo unaanza kuona kwamba hazikukusudiwa kukutisha. Zinakuambia huyu amefika, anaweza kukuombea.

Si zote za damu, lakini. Maaskofu, wamonaki na walimu wa Kanisa wamesimama wima wakitutazama, mikono imeinuliwa kwa sala au imeshika Injili, nyuma yao kanisa au kilima. Picha hizi watu huziruka kwa sababu hakuna kinachotokea. Ni makosa. Nyuso bora za kitabu, kwa macho yangu, ziko kwa wazee hawa wenye ndevu.

Nitawatofautishaje ikiwa wengi wanafanana?

Anza na tarehe na jina katika maandishi. Mchoraji alikutegemea usome. Halafu tazama mavazi. Askofu ana skafu pana nyeupe yenye misalaba mabegani. Mmonaki ana joho la rangi ya udongo na ndevu. Manabii na mitume wamevaa kanzu na shuka la mtindo wa Kigiriki cha kale. Baada ya hapo kuna umri na nywele: desturi ya Bizanti ilikuwa imeshapanga nani ana ndevu fupi, nani kipara, nani kijana asiye na ndevu, na wachoraji hawakucheza na mambo hayo. Kisichosaidia ni majengo. Kanisa lilelile, ukuta uleule na nguzo zilezile hurudi kwa watakatifu walioishi mbalimbali kabisa, kwa hiyo usijaribu kutambua mji kwa kuangalia paa.

Wachoraji walikuwa akina nani?

Hapa ndipo kitabu hiki kinapojitenga na karibu vyote vya wakati wake. Mchoraji wa Bizanti kwa kawaida hakuacha jina. Humu, pembeni mwa picha, yameandikwa majina ya wachoraji wanane: Pantoleon, Georgios, Mikaeli Mdogo, Mikaeli wa Blakernai, Simeoni, Simeoni wa Blakernai, Menas na Nestor. Blakernai ni mtaa wa kaskazini-magharibi mwa Konstantinopoli, palipokuwa na kanisa mashuhuri la Bikira Maria. Bila shaka ilibidi kuutaja ili Mikaeli wawili na Simeoni wawili wasichanganywe.

Majina hayo yana sura ya kumilikisha: “ya Pantoleon”, “ya Nestor”. Ndiyo maana mjadala wa kama tuziite sahihi za wasanii au kumbukumbu za karakana, pengine za kugawa kazi au malipo, haujaisha. Mimi naegemea upande wa karakana. Mtu anayejivunia kazi yake haandiki jina lake kwa namna moja na wenzake saba, ukurasa baada ya ukurasa. Pantoleon hutazamwa kama kiongozi wao, na kuna mchoraji wa jina hilohilo anayetajwa katika masimulizi ya Mtakatifu Athanasi wa Mlima Athos kama mtu anayechora kwa ajili ya kaisari.

Cha ajabu ni kwamba mikono minane imefanya kazi moja. Bila majina ya pembeni, ingetupasa kubishana miaka mingi kabla ya kusema hii ni ya Menas na hii ni ya Georgios. Tofauti zipo, katika mikunjo ya nguo, katika urefu wa miili, katika jinsi kilima kinavyokatwa kama ngazi, ila zimefichwa chini ya mtindo wa pamoja uliokuwa ukidaiwa na mteja. Kwa sababu hiyo kitabu hiki kimekuwa kipimo: anayetaka kujua wachoraji wa Konstantinopoli walivyogawana kazi huanzia hapa, maana hapa majibu yameandikwa.

Kipi kilitangulia, picha au maandishi?

Mambo yanaelekeza kwamba picha zilitangulia na mwandishi akafuata, akilazimika kujaza mistari yake 16 bila kuzidi. Ukilijua hilo, maandishi yanachekesha kidogo. Mtakatifu mwenye visa vingi anakatwa katikati ya mambo yake. Asiyejulikana anapewa sifa za jumla zinazomfaa yeyote, mradi nafasi ijae. Mwanafunzi yeyote aliyewahi kuambiwa aandike ukurasa mmoja kamili atamwelewa.

Habari zenyewe zinatokana na mapokeo ya sinaksari za Konstantinopoli za karne ya 10. Hazitokani na mkusanyo mkubwa wa maisha ya watakatifu wa Simeoni Metafrastes wa miaka hiyohiyo, ingawa kazi hizi mbili huchanganywa mara nyingi.

Je, kuna watakatifu wa Afrika?

Wapo, na si wa pembeni. Misri ilikuwa moja ya nguzo za Ukristo wa kwanza, na kalenda ya Konstantinopoli isingeweza kusimama bila hiyo. Tarehe 17 Januari yuko Antoni, baba wa wamonaki, aliyekwenda jangwani na kuvuta maelfu nyuma yake. Siku inayofuata ni ya Athanasi, askofu wa Aleksandria aliyefukuzwa mara tano kwenye kiti chake, ndiye aliyeandika maisha ya huyo Antoni. Mwishoni mwa Novemba wako Petro wa Aleksandria, askofu aliyeuawa katika mateso ya mwanzoni mwa karne ya 4, na Katarina wa mji huohuo. Tarehe 11 Novemba ni ya Menas, askari wa Misri ambaye kaburi lake karibu na Aleksandria lilivuta mahujaji wengi kiasi kwamba vichupa vyao vya udongo, vyenye sura yake kati ya ngamia wawili, vimefukuliwa nchi nyingi za Bahari ya Kati. Kumbuka kwamba mmoja wa wachoraji wetu wanane aliitwa Menas.

Kuna picha mbili nyingine ambazo ningemwonyesha msomaji wa Afrika Mashariki kabla ya hizo. Ya kwanza ni ya kukimbilia Misri, baada tu ya Krismasi. Nchi ya Misri imechorwa kama mtu, amesimama kwenye lango la mji na kuinama kuwapokea wageni. Nchi inayompokea mkimbizi kwa heshima: si wazo unalotarajia kulikuta kwenye kitabu cha jemadari.

Ya pili ni ya tarehe 24 Oktoba, siku ya mashahidi wa Najran, kusini mwa Uarabuni. Karibu na mwaka 523 mfalme wa Himyar, Yusuf Dhu Nuwas, aliwaua Wakristo wa mji huo pamoja na kiongozi wao, ambaye Wagiriki humwita Aretha na Waarabu Harith. Kilichofuata ni historia ya upande wetu wa bahari: mfalme Kaleb wa Aksum, katika Ethiopia ya kale, alivuka Bahari ya Shamu na jeshi lake na kuuangusha utawala ule. Katika Uislamu wafasiri wengi huhusisha kisa cha Najran na watu wa mahandaki wanaotajwa katika Sura ya Al-Buruj. Kwa hiyo ukurasa huu mmoja unaweza kumpa Mkristo wa Bukoba na Mwislamu wa Lamu la kuzungumza.

Na wanawake?

Wengi. Thekla (24 Septemba), Pelagia (8 Oktoba), Barbara (4 Desemba), Anastasia (22 Desemba), Agnesi (21 Januari), Agatha (5 Februari), na hao ni wachache tu. Wengi ni mashahidi mabikira, kama ilivyokuwa kawaida ya kalenda. Anayestahili kusimama peke yake ni Theodora, 11 Februari, ambaye hakuuawa na mtu. Alikuwa mtawala, na sababu ya kuwekwa kwake inahusu swali linalofuata.

Je, Wabizanti hawakuwa wanaabudu picha hizi?

Swali hili waliulizana wao kwa wao kabla yetu, na waliumizana kwa ajili yake zaidi ya miaka 100. Kuanzia karne ya 8 makaisari kadhaa walipiga marufuku picha takatifu, picha zikaharibiwa na waliozitetea wakafukuzwa au kufungwa. Mtaguso (mkutano mkuu wa maaskofu) wa Nikea wa mwaka 787 ulizirudisha kwa kutofautisha mambo mawili: kuabudu ni kwa Mungu peke yake, heshima inayopewa picha humwendea aliyechorwa. Marufuku ikarudi mwaka 815, na ikaondolewa moja kwa moja mwaka 843 chini ya Theodora, aliyekuwa akitawala kwa niaba ya mwanawe mdogo.

Kitabu hiki kilitengenezwa kama miaka 150 baada ya hapo, na hakijasahau. Theodora amechorwa ameshika picha ya Kristo mkononi. Mtaguso wa 787 una ukurasa wake tarehe 11 Oktoba: kaisari na maaskofu wameketi, na mbele yao mzushi amelala kifudifudi. Yaani picha inatetea haki yake ya kuwa picha. Ukikubaliana nao au usikubaliane, usiwadhanie kwamba hawakufikiri.

Mbona kuna picha zisizo na mtakatifu?

Kwa sababu kalenda ilikumbuka matukio pia. Ziko sikukuu za Bwana, kama Kuzaliwa, Ubatizo na Kutolewa Hekaluni. Kuna Kutukuka kwa Msalaba tarehe 14 Septemba, na kuhamishwa kwa masalia ya Yohane Krisostomo, askofu wa Konstantinopoli, tarehe 27 Januari. Kuna hata tetemeko la ardhi: tarehe 26 Oktoba mji ulikumbuka tetemeko la mwaka 740, na picha inaonyesha maandamano ya sala ya miaka ya baadaye, si nyumba zinazoanguka. Siku hiyohiyo ni ya Mtakatifu Demetrio, kwa hiyo siku moja huweza kuwa na kurasa kadhaa.

Habari hizi ni za kweli kihistoria?

Inategemea ukurasa. Athanasi na Krisostomo tunao kwa maandishi yao wenyewe na ya wapinzani wao. Inyasi tuna barua zake. Kwa upande mwingine Katarina hana chanzo chochote cha karibu na wakati wake. Roma ilimwondoa kwenye kalenda ya jumla mwaka 1969, ikamrudisha mwaka 2002. Mtengenezaji wa kitabu hakuwa na ngazi mbili, moja ya waliothibitika na nyingine ya waliosimuliwa. Wote walipata mistari 16.

Rangi na dhahabu zilitumikaje, na kwa nini sehemu nyingine zimebanduka?

Dhahabu iliwekwa kwa majani membamba sana yaliyobandikwa kwa gundi na kusuguliwa hadi yang'ae. Rangi zilisagwa kutoka kwenye mawe na mimea, zikachanganywa na kishikizo na kupakwa tabaka juu ya tabaka: kwanza rangi ya chini, kisha vivuli, mwisho mistari myembamba ya mwanga kwenye paji la uso na magotini. Kubanduka ni ugonjwa wa vitabu vingi vya Bizanti. Mafundi wa huko walipenda ngozi laini inayong'aa, mara nyingi wakiipaka ute wa yai, na uso wa namna hiyo haushiki rangi vizuri. Kila ukurasa unapokunjwa, chembe huachia.

Wenzetu wa pwani wanaoijua misahafu ya Siyu, kisiwani Pate, yenye mapambo ya mkono ya nyekundu, njano na nyeusi, watatambua mara moja aina ya uvumilivu unaohitajika, ingawa huko hakuna sura za watu.

Kilifikaje Vatikano?

Kwanza kilikuwa cha jumba la kaisari. Karne kadhaa baadaye kiko Italia, katika mali za Ludovico Sforza, mtawala wa Milano. Mwaka 1615 Kardinali Paolo Emilio Sfondrati alimpa Papa Paulo V, na hakijatoka tena.

Kuna nakala zake?

Ziko kazi zilizozaliwa nacho. Maarufu kuliko zote ni ile ya Makumbusho ya Sanaa ya Walters mjini Baltimore, Marekani, namba W.521. Ni ya mwezi wa Januari, ya nusu ya kwanza ya karne ya 11, na picha zake zinafuata zile za Basili kwa karibu sana. Kila habari inaishia na sala kwa ajili ya kaisari, na herufi za kwanza za mistari ya sala zikisomwa kwenda chini zinatoa jina Mikaeli. Wengi huona ni Mikaeli IV, aliyetawala 1034 hadi 1041. Nyenzake, ya Februari na Machi, iko Moscow.

Jambo ambalo halisemwi vya kutosha ni kwamba W.521 kabla ya kuvuka Atlantiki ilikuwa katika maktaba ya Upatriarki wa Kigiriki wa Aleksandria. Huo ndio upatriarki wenye mamlaka juu ya Waorthodoksi wa Afrika nzima, wakiwemo wa Kenya, Uganda na Tanzania. Januari ya kaisari ilikaa Afrika muda mrefu, na sasa iko Maryland.

Naweza kukiona bila kwenda Roma?

Ndiyo. Maktaba ya Vatikano imekipiga picha chote na kukiweka kwenye intaneti bure. Tafuta kwa namba yake, Vat. gr. 1613, si kwa jina. Kuna pia toleo la picha lililochapishwa Torino mwaka 1907, linalopatikana katika maktaba kubwa. Kumbuka kwamba rejea zake hutumia namba za kurasa, sio za majani kama ilivyo kwa vitabu vingi vya mkono.

Kama ni mara ya kwanza, usianze ukurasa wa 1 ukaenda mpaka mwisho. Utachoka kabla ya Oktoba. Chagua wiki moja, tuseme ya Krismasi, uitazame taratibu siku kwa siku, kama kilivyokusudiwa kutumika.

Tarehe zake mbona hazilingani na kalenda ya parokia yetu?

Kwa sababu kalenda ya Konstantinopoli na ya Roma zilikua kila moja kwa njia yake. Inyasi humu yuko 20 Desemba, Wakatoliki humwadhimisha 17 Oktoba. Krisostomo yuko 13 Novemba, kwa Wakatoliki 13 Septemba. Antoni, Agnesi na Agatha hawana tofauti. Ukitumia kalenda ya Waorthodoksi wa Upatriarki wa Aleksandria, utakuta tarehe nyingi zimebaki vilevile.

Nimezaliwa Juni. Niangalie ukurasa gani?

Wa Juni haupo. Tafuta somo wako wa ubatizo kama ana siku ya pili kati ya Septemba na Februari. Kina Yohane wana bahati: Krisostomo ana siku mbili, 13 Novemba na 27 Januari, na Mbatizaji huadhimishwa 7 Januari, kesho yake baada ya Ubatizo wa Bwana.